Jinsi ya kushuti komedi ya action ya jamaa aliyeingia kazi ya ulinzi bila kujua hata kupuliza filimbi

Stori ya mtu ambaye hajawahi kushika kirungu alafu ghafla anaambiwa leo usiku we ndo mlinzi wa mtaa, na mtaa wenyewe umejaa vibaka, kwangu mimi ni moja ya stori tamu kuliko zote kwenye komedi, na haitaki hela nyingi, inataka kupangwa. Nimeshashuti za aina hii tano, zote kwa simu, na kosa ninaloliona kwa vijana wengi wanaoanza ni lilelile, wanamfanya jamaa mjinga. Kapandisha suruali mpaka kifuani, anaanguka kila hatua, anaongea kama mtoto, basi imeisha. Dakika ya pili mtazamaji keshachoka. Asiyejiandaa sio mjinga jamani, ni mtu anayeijua sana kazi nyingine ila hii aliyoingia haijui. Komedi yote inatoka hapo na action pia inatoka hapo, na haya yote ntakayoandika huku chini yanazunguka hilo tu.

Kabla hujaandika chochote tafuta filamu ya Easy Street ya mchekeshaji Charlie Chaplin, ilitoka Januari 1917, ina dakika kama 24 hivi, na kwa Marekani hakimiliki yake ilishaisha zamani kwaiyo mtandaoni unaipata bure kabisa. Usikimbie kwa sababu ni ya zamani na haina sauti, mi naona kukosa sauti ndo faida yenyewe maana unaiona kazi tupu. Humo Chaplin ni mzururaji, hana mbele wala nyuma, analala nje, siku moja anaona tangazo kituoni kwamba wanatafuta polisi. Angalia anavyoingia pale. Anakwenda anarudi, anakwenda anarudi, mguu unataka moyo hautaki. Na sisi tunajua kwanini unasita, maana tumeshaonyeshwa askari wanarudishwa kutoka mtaa fulani wakiwa wamebebwa, hoi. Hakuna neno limesemwa lakini ushaijua shida yake, ushaujua woga wake na ushaijua hatari inayomsubiri. Sini ya mlangoni namna hiyo na we lazima uwe nayo.

Alafu anapelekwa hukohuko kwenye mtaa mbaya. Kule kuna baba lao, amecheza Eric Campbell, jitu la miraba minne lenye zaidi ya futi sita, wakati Chaplin mwenyewe ni kamtu kafupi tu. Chaplin anajaribu kupiga simu ya kituoni aombe msaada, jitu limeshasogea limemsimamia, basi ye anajifanya anaichezea tu ile simu, anamvuta jitu ainame aangalie, alafu anamshushia rungu la kichwa. Hasikii. Anamshushia tena. Wapi. Yule bwana sasa ili aonyeshe nguvu zake anaukunja mlingoti wa taa ya barabarani kwa mikono yake, na taa za enzi zile zilikuwa za gesi, hapohapo Chaplin anamrukia mgongoni, anamvalisha kile kichwa cha taa usoni, anafungulia gesi. Jitu linalala. Chaplin anampima mapigo, anaona bado kidogo, anamuongezea.

Hicho kipande nimekirudia hata sijui mara ngapi, na ukikiangalia vizuri utaona nguvu za adui ndo zimemuangusha adui. Asingeukunja ule mlingoti ile taa isingemfikia usoni. Stelingi hajajifunza ngumi ghafla, hajapata msuli usiku mmoja, adui kajileta mwenyewe na jamaa alikuwa na jicho la kuiona nafasi. Kwaiyo ukiwa unaandika pambano lako jiulize adui anajivunia nini, alafu hichohicho anachojivunia ndo kimtie matatani.

Mwisho wa ile filamu Chaplin anatupwa chumba cha chini, anakalia sindano ya dawa za kulevya, anapata nguvu za ajabu anawalaza wote. Hapo mimi sikubaliani napo, ni njia ya mkato, na sisi tusiifuate, mtazamaji wa leo anataka ushindi uwe umetoka kwa mtu mwenyewe. Ila kuna pahala pengine pazuri mno wengi wanapapita tu: anaingia kwenye nyumba ya familia masikini yenye watoto wengi kama nini, anawagawia chakula kwa kukirushia rushia kama mtu anayemwagia vifaranga. Dakika moja hiyo tu na umeshampenda. Chaplin amekulia kwenye umasikini wa kweli kule London, alishakaa hadi kwenye nyumba za kulelea mafukara akiwa mtoto, ndo maana mtaa wake unanuka umasikini wa kweli. Na we shuti mtaa unaoujua. Usikodi jumba la watu, shuti pale unapopita kila siku na unajua bomba linavuja wapi.

Sasa mtu wako

Anza na kazi yake ya zamani. Chukua karatasi uandike vitu kumi ambavyo mtu wa kazi hiyo anavifanya kwa mikono bila kufikiria. Ntatumia mfano wangu wa mwisho maana ndo uliokubali kuliko yote, jamaa ni fundi cherehani. Fundi anaweka pini mdomoni huku anaongea. Futi ya kupimia haitoki shingoni hata akienda msibani. Akimwangalia mtu anajua kiuno chake bila kupima. Akiona mshono anajua umepigwa na fundi gani pale mtaani. Chaki iko mfukoni, mkasi hamuazimi mtu. Umeona, tayari una silaha zote za filamu na hakuna hata moja ni bunduki.

Alafu mpe sababu ya kuingia ulinzi ambayo mtu mzima ataiheshimu. Kodi ya kibanda imefika, wateja hamna, serikali ya mtaa inatafuta vijana wa ulinzi shirikishi na kila kaya inachangia kidogo kuwalipa, basi anakwenda. Mimi nilichagua ulinzi shirikishi makusudi badala ya polisi kamili na nakushauri na we ufanye hivyo. Polisi wa kweli Tanzania anapitia usaili, anapimwa afya, anapelekwa chuo cha polisi Moshi kule anakula kwata miezi, sasa ukisema jamaa kaingia jana leo ana nyota begani hakuna atakayekuamini. Ila ulinzi wa mtaa mtu anaweza kweli kuingia jioni na usiku akawa kazini.

Na kuna sababu ya pili, sare. Hii naomba uielewe vizuri maana imeshawatia watu ndani. Sheria za kwetu zinakataza raia kuvaa sare ya polisi au ya jeshi, hata inayofanana nayo, bila ruhusa, na kusema "tulikuwa tunashuti" haikusaidii pale ulipo umeshakalishwa kwenye benchi la kaunta. Wenzetu wa mtaa wa pili walishalala mahabusu usiku mzima kwa ajili ya suruali moja ya mabaka. Mlinzi shirikishi wewe mpe koti la riflekta, filimbi, tochi na kirungu, na hapo sheria hujaigusa. Pia filamu kwa Tanzania inahitaji kibali, ipo sheria ya filamu na michezo ya kuigiza toka 1976, kwaiyo nenda Bodi ya Filamu mapema, alafu pitia kwa mwenyekiti wa mtaa mueleze siku gani mtakuwa wapi, na majirani muwaambie kabisa usiku huo mkisikia mwizi mwizi ni sisi. Hilo la majirani usilidharau hata kidogo. Kelele ya mwizi mtaani kwetu inaamsha watu wenye mawe, na mwigizaji wako anayekimbia ndo atayapokea.

Sini yetu ya mlangoni tuliifanya hivi. Ofisi ya serikali ya mtaa, mwenyekiti ni mama mtu mzima, fundi kasimama na futi yake shingoni, nje mbwa anabweka.

"Shikamoo mama mwenyekiti."

"Marahaba fundi. Umeleta gauni langu?"

"Gauni bado mama. Nimekuja kwa lile tangazo la ulinzi."

Mama anamwangalia toka juu mpaka chini. "We si ndo ulipanda juu ya meza yangu siku ile kwa ajili ya mbwa?"

"Mbwa nishaacha kuwaogopa mama."

Mbwa anabweka tena, karibu zaidi. Kamera inakaa palepale, inabaki kwa mama, tunasikia kiti kinaburutwa, mama anainua macho taratibu kufuata mtu anayepanda. Basi. Hatukumuonyesha fundi juu ya meza kabisa. Tulijaribu kumuonyesha kwenye shoti ya kwanza na ilikuwa kawaida tu, tulipobaki kwenye uso wa mama watu walicheka mpaka shoti ikaharibika. Kwaiyo jifunze kuangalia uso wa anayeshuhudia, mara nyingi cheko liko kule.

Kupanda na kuvuna

Kitu kitakachomuokoa jamaa mwishoni lazima tukione mwanzoni, na tukione kikiwa kimejificha ndani ya jambo lingine. Kwetu sisi baba lao wa mtaa, anayewanyang'anya watu simu, analeta suruali kwa fundi iwekewe pindo na ipunguzwe kiuno. Uzi wa rangi ile umeisha. Fundi kashikiza tu kwa mkono, mishono mikubwa mikubwa ya kutoa baadae, anasubiri uzi ndo apige mashine. Baba lao anakuja kabla ya siku, fundi anamwambia bosi hiyo bado, nimeshikiza tu, ye anamkata maneno, anavaa hapohapo, halipi, anaondoka. Mtazamaji anadhani sini ni ya fundi kudhulumiwa, na kweli kadhulumiwa, ila suruali ndo imeshatoka nje ya kibanda ikiwa haijapigwa mashine.

Katikati ya filamu mkumbushe mtazamaji mara moja tu, kwa haraka. Baba lao anapita mbele ya lindo anamtisha fundi, na macho ya fundi yanashuka kiunoni kwa yule mtu, mkono unagusa futi wenyewe. Sekunde mbili. Ukikumbusha mara tatu watu wanajua kinachokuja, ukiacha kukumbusha wanakuwa wamesahau. Alafu mwisho, kwenye mbio, jitu linaruka ukuta na fundi yuko nyuma hoi pumzi hana, kirungu kimeshamdondoka, filimbi imejaa mate haitoi sauti, anachofanya ni kunyoosha mkono anadaka ncha ya uzi inayoning'inia na kukaa chini. Kukaa tu. Jitu linakimbia, uzi unatoka trrrr, kiuno kinafunguka, suruali inashuka magotini, jitu linakula mweleka katikati ya kina mama wanaouza vitumbua asubuhi. Nguvu zake na haraka zake ndo zimemvua nguo. Na fundi kashinda kwa kujua kazi yake.

Sini za katikati sitazielezea sana, hizo ni usiku wake wa kwanza, tochi inakufa betri, anamkamata mtu asiye mwizi, anamuomba radhi kwa kumpimia shati. Ziwe fupi. Ila weka moja ya huruma kama ile ya Chaplin na watoto. Sisi tulimkuta mtoto amelala nje kwenye baridi kaegemea duka, fundi anavua koti la riflekta anamfunika, anabaki bila alama yoyote ya ulinzi na ndo hapo hatari inaanza, kwaiyo huruma yenyewe ikasukuma stori.

Ngumi na mbio, hapa usiharakishe

Hata Chaplin mwenyewe ule mlingoti wa taa ulimuumiza pua wakati wanashuti, kazi ikasimama. Na mimi kwenye filamu yangu ya pili kijana wetu aliruka ukuta ambao sikwenda kuangalia upande wa pili, kulikuwa na mbao zenye misumari, alichanika nyama ya mguu na tulimpeleka zahanati kwa bodaboda saa saba usiku. Kosa lilikuwa langu, mimi ndo nilikuwa dairekta. Toka siku hiyo kila ukuta naupanda mimi kwanza, mchana, natembea chini napapasa kwa mikono, na tunaweka magodoro mawili ambayo kamera haiyaoni.

Kirungu tengeneza kwa malapa. Chukua malapa ya zamani manne matano, yakate vipande virefu, yaviringishe kwenye kijiti chembamba cha plastiki, funga kwa selotepu nyeusi, paka mafuta kidogo ing'ae. Kwenye kamera ni mti mtupu, kichwani ni sponji. Hata hivyo usipige kichwa, piga bega na kamera ikae nyuma ya anayepigwa.

Ngumi nayo siri yake ni engo. Kamera ikae nyuma ya bega la mmoja wao, ngumi ipite kiasi cha mkono mmoja kutoka usoni, kwenye picha ule umbali unapotea kabisa. Anayepigwa ndo anayefanya kazi kubwa, kichwa kinageuka na bega linafuata. Wafanye kwanza taratibu kama wanacheza kwaito, mkihesabu moja mbili tatu kwa sauti, mara ishirini, alafu mwendo wa kati, alafu ndo uwashe kamera. Asiyetaka mazoezi mtoe kwenye pambano hata kama ni rafiki yako wa damu. Na pambano la komedi liache mtu mzima aonekane, toka kichwa mpaka miguu, usikate kate kila sekunde. Chaplin kamera yake imetulia na ndo maana unaona mwili wote unachekesha, ukikata sana unaficha kazi ya mwigizaji.

Kuhusu spidi, filamu za zamani zile kamera ilikuwa inazungushwa kwa mkono na kuonyeshwa kwa mwendo zaidi ya ulioshutiwa, ndo maana watu wanaonekana wepesi hivi. Kwenye simu shuti fremu 24 kwa sekunde alafu kwenye kuediti mbio tu ziongeze kidogo, asilimia kumi mpaka kumi na tano, isizidi. Ukizidisha inakuwa katuni na hatari inapotea, na hatari ikipotea cheko nalo linapotea. Sini za maongezi usiguse spidi kabisa.

Usiku simu nyingi zinaleta chenga. Shuti dakika ishirini zile baada ya magharibi, anga bado lina bluu kidogo, alafu weka taa moja ya duka mbali nyuma ya waigizaji. Mtaani kwetu tulimuomba muuza chipsi asizime taa yake, na ule moshi wake wa jikoni ulipendezesha kuliko mashine yoyote ya kukodi. Tulimlipa, mlipe na wewe, jamaa anatumia umeme wake.

Sauti za ngumi usizitoe mtandaoni, zile kila mtu keshazisikia. Piga godoro kwa ndala, vunja karoti karibu na maiki, ule uzi wetu unaotoka tulirekodi zipu ya begi la safari inavutwa taratibu alafu haraka. Filimbi iliyojaa mate ni filimbi ya kweli iliyojazwa maji.

Ukimaliza kuunga picha, usiwaonyeshe waigizaji wenzako kwanza, hao watacheka kwa sababu wanajiona. Tafuta watu wanne watano wasiojua chochote, ikiwezekana awepo mama mtu mzima na mtoto wa shule ya msingi, zima sauti kabisa uwawekee. Kaa pembeni uwaangalie wao, usiangalie simu. Andika dakika waliyocheka, dakika mtu aliposhika simu yake, dakika mtu alipouliza "huyu nani tena". Pale wanapouliza huyu nani ndo pa kurudi kushuti, pale waliposhika simu kata bila huruma hata kama ulikesha. Sisi tulikata dakika nne nzima za usiku wa kwanza, ikabaki kumi na moja, na mtoto mmoja wa darasa la tatu alipoona fundi amekaa chini kashika uzi alisema kwa sauti kabla suruali haijaanza kushuka, "ile haijapigwa mashine!"